Kugawana Vyeo Si Kugawana Madaraka

Kwetu Kyela, Mto Songwe huhama mkondo mafuriko yanapozidi, na mpaka wetu na Malawi huingia utata. Nchi hizi mbili hazikuliachia jambo hilo urafiki wa marais: mwaka 2017 zilitia saini mkataba wa kuunda Kamisheni ya pamoja ya Bonde la Mto Songwe. Marais huondoka, mto hubaki. Zanzibar ingefaidika na hekima hiyo.

Maridhiano ya Zanzibar yalianzia kwa watu wawili, Rais Amani Abeid Karume na Maalim Seif Sharif Hamad, walipokutana Novemba 2009, ilhali Muafaka wa 1999 na wa 2001 ilikuwa imekwisha kukwama. Julai 31, 2010, asilimia 66.4 ya wapigakura waliridhia Serikali ya Umoja wa Kitaifa. Uchaguzi wa mwaka huo ulipita kwa utulivu, na Maalim Seif akawa Makamu wa Kwanza wa Rais.

Hata hivyo, kilichogawanywa ni vyeo. Waziri alitoka chama hiki au kile, lakini katibu mkuu wa wizara, mwenye dhamana ya fedha, aliteuliwa na Rais. Makamu wa Kwanza hakuwa na amri juu ya vyombo vya ulinzi wala Tume ya Uchaguzi. Oktoba 28, 2015, mwenyekiti wa Tume alipotangaza kufuta uchaguzi, miaka mitano ya kuketi meza moja haikufua dafu. CUF ilisusia marudio ya Machi 20, 2016, na umoja ukasambaratika huku Katiba inayouagiza ikibaki palepale. Ulirejea Desemba 2020, baada ya uchaguzi mwingine uliomwaga damu.

Wapo wasemao kwamba mfumo wenyewe ndio mbovu, kwa kuwa huumeza upinzani. Sikubaliani nao. Ubovu ni kuujenga juu ya nia njema ya wakubwa. Ufutaji wa uchaguzi usiwe kauli ya mtu mmoja; matokeo ya urais yaweze kupingwa mahakamani; na uteuzi wa watendaji wakuu ufanywe kwa mashauriano yanayolazimishwa na sheria.

Ndugu msomaji, amani inayotegemea afya na hisani ya viongozi wawili ni amani ya kuazima. Mwenye mali akiidai, raia ndiye hulipa.