Maneti za simu Lubumbashi: mteja ajaribu mbele ya kulipa

Lubumbashi, Haut-Katanga. Mteja anayenunua ampuli kwenye soko la komini ya Kenya haondoki bila kuiona imewaka. Muuzaji ana kibao chenye waya, anaifunga ampuli pale, inawaka, ndipo franka zinatoka mfukoni. Hakuna anayeona haya, wala hakuna anayesema mteja ni msumbufu. Lakini meza chache mbele ya hapo, kwa wauzaji wa vyombo vya simu, maneti ya kuchezea michezo inauzwa kwa bei ya ampuli nyingi sana, ikiwa ndani ya karatoni iliyofungwa plastiki, na mteja anaambiwa tu: « Hii inatumikaka na simu zote, papa. »

Maneno hayo si kweli. Wauzaji wengi hawasemi hivyo kwa kusudi la kudanganya, kwa sababu wao wenyewe hawachezi. Lakini mtu asiyejua anachouza hana haki ya kukitolea ahadi.

Kijana mmoja wa komini ya Katuba aliamini maneno hayo. Ana chumba kidogo kando ya nyumba ya mama yake, simu mbili na benchi moja. Watoto wa kartie na wanafunzi wanakuja pale jioni, wanalipa kwa kila mchezo, na feza hiyo ndiyo inayonunua mega, na siku nyingine unga wa nyumbani. Kioo cha simu moja kilikuwa kimeanza kuchoka kwa vidole vya watu wengi. Akafikiri vizuri: akinunua maneti mbili, vioo vitapona na wateja watafurahi. Akatoa dola 30 katika kapitali yake.

Muuzaji alimwonyesha maneti moja kwa simu ya butiki. Aliifungua Bluetooth, akasukuma kijiti, na picha za programu kwenye kioo zikaanza kuwaka moja baada ya nyingine. Kijana akaridhika. Kufika nyumbani, kwa simu yake pia picha zikatembea. Kisha akafungua PUBG Mobile, mchezo ambao wateja wake wengi wanautaka. Askari akasimama wima kama mti. Vifungo vyote vikabonyezwa, hakuna kitu. Kesho yake akarudi sokoni na karatoni zake. Jibu: « Peti, simu yako njo iko mubaya. »

Simu haikuwa na kosa lolote, na hapa ndipo wauzaji wanapaswa kusikia vizuri. Kuna maswali mawili, na wao wanajibu moja tu. Swali la kwanza ni kama simu inaiona maneti. Simu za Android zimepewa uwezo huo tangu toleo la 3.1, mwaka 2011, kwa hiyo karibu kila simu inayouzwa mjini leo inaweza kuipokea kwa Bluetooth, na nyingine nyingi kwa kebo ya OTG. Picha zinazotembea kwenye kioo zinajibu swali hilo, basi. Swali la pili ni kama mchezo wenyewe unaikubali maneti, na hilo haliko mikononi mwa simu wala mwa maneti. Ni waliotengeneza mchezo ndio walioamua. Wasipoandika ndani ya mchezo kwamba kifungo fulani kinapiga risasi, kifungo hicho kitabonyezwa mpaka asubuhi na risasi haitatoka.

PUBG Mobile haikubali maneti. Call of Duty: Mobile, iliyotoka mwezi wa 10 mwaka 2019, ilianza kuikubali mwezi uliofuata, lakini ilianza na maneti za kampuni fulani tu, kama ile ya PlayStation 4 na ile ya Xbox One, tena inawakutanisha wenye maneti na wenye maneti wenzao ili anayecheza kwa vidole asionewe. Maneti isiyo na jina inayouzwa sokoni inaweza kukubaliwa au kukataliwa, na njia ya kujua ni kuijaribu. Minecraft inaikubali. PPSSPP, ile programu ambayo vijana wengi wanaitumia kuchezea mpira wa PSP kwenye simu, inaikubali vizuri sana, na inamwachia mtu kuchagua mwenyewe kila kifungo kifanye kazi gani. Kwa hiyo maneti ileile, siku ileile, kwa simu ileile, ni dhahabu kwa huyu na jiwe kwa yule. Muuzaji anayesema « simu zote » hajajibu kitu, kwa sababu mteja alikuwa anauliza juu ya mchezo.

Kuna nyingine inayoumiza watu kimya kimya, ile ya umbo la PlayStation 3. Watu wanaipenda kwa sababu ni ya bei ndogo na wameizoea katika masali ya Play. Lakini maneti ya namna hiyo haiungani na Bluetooth ya simu kama nyingine, kwa kuwa ilitengenezwa ijuane na mashine yake. Mara nyingi inabaki kutumia kebo. Na kebo inaingia palepale pa kuchajia, inakula batri ya simu, na kwa ile saa moja au mbili ambayo umeme umerudi, kijana anachagua: ama acheze, ama achaji. Katika mji wenye delestaji kama wetu, hilo si jambo dogo la kumficha mteja.

Baada ya muuzaji anakuja mtu wa pili, na huyu ni mbaya zaidi. Ni yule anayekaa na kompyuta pembeni ya soko na kusema atairekebisha simu ili « ikubali ». Anachoweka ni programu inayodanganya mchezo: kifungo kikibonyezwa, programu inajifanya kidole kimegusa kioo. Kwa michezo ya mtu peke yake inaweza kusaidia. Lakini kwa michezo ya kushindana kwenye intaneti, wenye mchezo wanaihesabu kuwa wizi, na konti inaweza kufungwa. Kijana wa Katuba alilipa huyo fundi pia. Siku chache baadaye konti ambayo wateja wake walikuwa wanaitumia ilikataa kufunguka, pamoja na silaha na nguo zote zilizokusanywa kwa miaka miwili. Fundi alikuwa amepokea feza yake na hakuwa amesema neno lolote juu ya hatari hiyo. Watu wazima watacheka kwamba ni nguo za kwenye simu tu. Wateja waliokuwa wanalipa kila jioni walikuwa wanazifuata hizo.

Wauzaji wana maneno yao ya kujitetea. Wanasema watoto wanakuja kujaribu ili wacheze bure, kisha wanaondoka. Wanasema karatoni ikifunguliwa, mteja mwingine ataiita okazioni. Ni kweli, hayo yanatokea. Lakini hakuna aliyesema kila karatoni ifunguliwe. Maneti moja ya kila aina ikae mezani, ikiwa imechajiwa, mteja aunganishe na simu yake mwenyewe na afungue mchezo wake mwenyewe. Dakika tano zinatosha. Ampuli ya kujaribia nayo inashikwa na watu wengi, na hakuna muuzaji wa ampuli aliyefilisika kwa hilo.

Wengine wanakimbilia kikaratasi kilichobandikwa ukutani: kilichouzwa hakirudishwi. Sheria ya inchi hii juu ya mikataba, ile amri ya tarehe 30 Julai 1888 ambayo bado inatumika, inamfanya muuzaji ajibu kwa kasoro iliyofichika ya kitu alichouza. Hata hivyo mteja asijidanganye: muuzaji atasema maneti haina kasoro, na atakuwa na haki, maana vifungo vinabonyezeka na taa inawaka. Mbele ya kulipa, mteja ana nguvu. Baada ya kulipa, anabaki kusukumana na mtu mezani juu ya dola 15.

Wanunuzi nao wana sehemu yao ya lawama. Wengi wanakuja sokoni na simu isiyo na mega, au batri iko karibu kuzima, halafu wanataka kujaribu mchezo ambao haufunguki bila intaneti. Wengine hawana hata huo mchezo kwenye simu. Wanaununulia maneti kwanza, mchezo watauomba kwa rafiki. Mwenye kwenda kununua aingie sokoni na batri iliyojaa, mega kidogo, na mchezo tayari. Auanzishe, aingie ndani kabisa pale watu wanapokimbia na kupiga, si kwenye kurasa za mwanzo tu, kwa sababu iko michezo ambayo kurasa zake za mwanzo zinataka kidole hata kama ndani maneti inafanya kazi. Aulize pia maneti inawashwa namna gani: ile ya PlayStation 4 inataka vifungo viwili, Share na PS, vishikwe pamoja mpaka taa ipepese. Muuzaji asipojua hata hilo, mteja ajiulize anamwamini kwa lipi.

Na kama mchezo anaoupenda ni ule unaokataa maneti, aambiwe wazi. Viko vile vidude vidogo vya kubana pembeni ya simu, ambavyo vinagusa kioo kama kidole. Havihitaji ruhusa ya mchezo wowote na bei yake ni ndogo. Muuzaji mwaminifu angemwonyesha kijana wa Katuba hivyo, apate faida kidogo, na kesho angemwona tena.

Kijana huyo sasa anatumia maneti moja kwa mpira wa PPSSPP, na wateja wachache wamerudi. Ile ya pili hakuwa na kazi nayo. Baada ya kwenda mara tatu, muuzaji alikubali kuichukua kwa nusu ya bei. Wiki hii iko mezani tena, ndani ya karatoni ileile, imefungwa plastiki mpya, kwa dola 15.