Samatta, Uturuki na somo la mkataba

Septemba 2020 Mbwana Samatta alitoka Aston Villa kwenda Fenerbahçe ya Uturuki kwa mkopo, kisha akasajiliwa moja kwa moja. Lakini 2021 Fenerbahçe ilimtoa kwa mkopo Antwerp, na 2022 Genk, zote za Ubelgiji. Kwa mkopo, unachezea timu nyingine huku mkataba wako ukibaki kwa klabu yako. Kusajiliwa si kupata namba.

Mwaka 2024 Novatus Miroshi naye akatua Göztepe ya Izmir, na vijana wa Lyamkena wanaota njia hiyo. Mzazi, kwa kawaida FIFA hairuhusu uhamisho wa kimataifa kabla ya miaka 18. Wakala akikuomba pesa za safari, kwanza uliza TFF.