Bei Isiyo na Mwelekeo na Mtu Asiye na Mwelekeo

Wako watu wanaodhani kwamba neno likiisha kuingia katika kamusi, limekwisha kazi ya kutusumbua. Mimi si mmoja wao. Nathubutu kusema kwamba maneno mawili mepesi, “hana mwelekeo”, yametenda dhuluma kubwa katika maandishi yetu, na waliotenda dhuluma hiyo ni watu waliosoma.

Nililetewa taarifa ya kilimo ya ofisi moja, ambayo jina lake halina faida hapa, ili niisahihishe Kiswahili chake. Ilihusu wakulima wa pamba wa Lagangabilili, makao makuu ya Wilaya ya Itilima, katika Mkoa wa Simiyu. Katika ukurasa wa 4 iliandikwa kwamba bei ya pamba haina mwelekeo. Hilo nililipitisha. Katika ukurasa wa 11 iliandikwa kwamba wakulima wenyewe hawana mwelekeo, maana mwaka huu hulima pamba, mwaka ujao huipunguza wakapanda dengu au alizeti, na mwaka wa tatu huirudia. Hapo kalamu yangu ilisimama. Neno lilikuwa lile lile, lakini katika ukurasa wa 4 lilikuwa habari, na katika ukurasa wa 11 limekuwa hukumu. Mtu alikuwa amehukumiwa kwa kosa la bei.

Nilipouliza, niliambiwa kwamba neno hilo ni la kitaalamu, tafsiri ya “trendless” ya Kiingereza, na kwamba halina ubaya wowote ndani yake. Jawabu hili ndilo ninalotaka kulipinga.

Kwanza, hilo neno la Kiingereza lenyewe halikuzaliwa katika vitabu vya takwimu. Asili ya “trend” ni kuzunguka, kubiringika. Baadaye mabaharia walilitumia kwa jinsi pwani inavyopinda kuelekea upande fulani, na baadaye sana watakwimu wakaliazima kwa safu za hesabu zinazopanda au kushuka katika muda mrefu. Waingereza basi walianza na gurudumu wakaishia na mstari. Sisi tulipotafsiri, tuliuchukua mstari tukaubandika juu ya kitenzi chetu “elekea”, ambacho kina historia nyingine kabisa.

“Elekea” ni kitenzi chenye uso ndani yake. Nyumba huelekea barabara ingawa haitembei. Mwenye kusali huelekea kibla naye ametulia mahali pamoja. Mwelekeo kwa hiyo ni upande ambao uso umeutazama, kabla ya hatua ya kwanza na hata kama hatua haitakuwapo. Nduguye wa karibu, “mwenendo”, ana asili ya “enenda”, nao ni habari ya miguu. Mwenendo ni njia iliyokwisha kukanyagwa. Ndiyo sababu twasema mwenendo wa kesi kwa mambo yaliyopita mahakamani, na mwenendo wa mtu kwa yale aliyozoea kuyatenda. Anayeandika kwamba bei “haina mwenendo” amesema jambo lisilowezekana, kwa kuwa kila kinachokwenda kina mwenendo, hata mlevi anayerudi kwake usiku.

Bei, walakini, haina uso. Haitazami popote. Kusema kwamba haina mwelekeo ni kuinyima kitu ambacho haikupata kuwa nacho, na kwa hiyo hakuna aliyedhulumiwa. Lakini mtu ana uso. Ukisema hana mwelekeo umesema kwamba macho yake hayatazami kitu, kwamba anakwenda bila kukusudia. Nakiri kwamba mimi mwenyewe nimeandika “haina mwelekeo” mara nyingi pembeni mwa insha za wanafunzi, wala sijutii, maana insha ina mwandishi, na mwandishi alipaswa kutazama mahali. Neno ni halali pale penye makusudi yaliyopotea. Tatizo ni kulihamisha kutoka kwenye hesabu hadi kwa binadamu kwa kisingizio kwamba ni la kitaalamu.

Tuitazame sasa hiyo bei. Kila mwaka msimu wa ununuzi unapofunguliwa, aghalabu mwezi wa Mei, serikali hutangaza bei ambayo chini yake pamba mbegu haitanunuliwa. Mwaka 2019 ilikuwa shilingi 1,200 kwa kilo. Mwaka 2020 ilikuwa 810. Mwaka 2021 ilikuwa 1,050, mwaka 2022 ilifunguliwa kwa 1,560, na mwaka 2023 ilirudi hadi 1,060. Na bei hii yaitwa nini? Yaitwa “bei dira”. Wengine huiita “bei elekezi”. Lugha yetu haikuona haya kuipa jina la chombo cha kuonyesha njia bei ambayo taarifa hiyo hiyo yakiri kwamba haina njia. Zaidi ya hayo, mbegu ya pamba huingia ardhini mnamo Novemba na Desemba. Dira hutangazwa Mei. Ni nahodha gani apewaye dira akiisha kutia nanga?

Msomaji aangalie tena miaka ile mitatu ya katikati: 810, 1,050, 1,560. Mtu aliyeikata safu hiyo mwaka 2022 akaichora katika karatasi alipata mstari mzuri wa kupanda, na wako walioandika kwamba bei ya pamba ina mwelekeo wa kupanda. Mwaka uliofuata mstari ulivunjika. Hili ndilo kosa la pili la neno letu, nalo ni kinyume cha la kwanza. Kama tunavyowanyima mwelekeo watu wenye nao, ndivyo tunavyoikirimia mwelekeo safu ya hesabu tatu. Hesabu tatu zaweza kupanda kwa kubahatisha tu, kama vile sarafu iwezavyo kuonyesha upande mmoja mara tatu mfululizo bila kuwa na nia yoyote. Mkulima aliyeongeza ekari za pamba kwa kuliamini neno “mwelekeo” alilipa gharama ya sarufi yetu mbovu kutoka mfukoni mwake.

Kuna tofauti nyingine ambayo “bila mwelekeo” huifunika, nami nasikitika kuona Kiswahili kina maneno ya kuifunua lakini wataalamu wetu hawayatumii. Chombo baharini huweza kuyumba. Huinama kushoto, huinama kulia, lakini kuna usawa ambao hurudia kila mara. Kuyumba ni kukosa mwelekeo kwa namna moja. Mtu, kwa upande wake, huweza kutangatanga. Naye hana usawa wa kurudia, bali kila hatua huanzia pale ilipoishia iliyotangulia, na hapo huenda popote. Mwaka 1905 Karl Pearson aliuliza swali la namna hii katika jarida la Nature, habari ya mtu anayekwenda hatua kadhaa, kila hatua upande wowote, na alipokwisha kujibiwa akauleta mfano wa mlevi. Mwaka 1963 Benoit Mandelbrot alichapisha uchunguzi wa bei za pamba yenyewe, akaonyesha kwamba miruko mikubwa hutokea mara nyingi zaidi kuliko ilivyodhaniwa na nadharia iliyotumika zama hizo. Pamba basi si ngeni katika somo hili. Ni mojawapo ya vielelezo vyake mashuhuri.

Tofauti ya kuyumba na kutangatanga si mchezo wa maneno. Mvua ikiyumba, upungufu wa msimu uliopita haumaanishi kwamba msimu huu utaanzia penye upungufu. Mkulima ana haki ya kutumaini usawa. (Kama usawa wenyewe wa mvua unahama kwa sababu ya joto la dunia, hilo ni swali jingine, nalo hudai vipimo vya miaka mingi, si vya misimu mitatu.) Bei ikitangatanga, tumaini hilo halina msingi, bei iliyoanguka haina deni la kupanda. Anayeandika “haina mwelekeo” kwa yote mawili amemnyima mkulima habari aliyoihitaji kuliko zote. Na mwandishi ambaye hesabu zake tano hazitoshi kumjulisha ni ipi kati ya mbili hizo, yampasa aseme hivyo kwa maneno, asijifiche nyuma ya istilahi.

Sasa nirudi kwa wale walioandikwa katika ukurasa wa 11. Wakulima wa Usukuma wana majina ya udongo wao tangu kale. Wanajua “luseni”, udongo wa kichanga wa mwinuko, na wanajua “mbuga”, udongo mweusi wa bondeni unaoshika maji. Dengu hupandwa katika mbuga mvua zinapokaribia kwisha, ikaishi kwa unyevu uliobaki ardhini. Mtu mwenye kipande juu na kipande chini, asiyejua bei ya Mei wala mvua ya Januari, akigawa mashamba yake kati ya pamba, mtama, mahindi na dengu, na akabadili mgawo huo kila mwaka kwa kadiri ya alichokiona, ametenda jambo gani ambalo mfanyabiashara wa London asingelitenda? Huyo wa London angesifiwa kwa busara ya kutoweka mali yake yote mahali pamoja. Wa Lagangabilili huambiwa hana mwelekeo.

Wala si watu wasiojua kusimama katika jambo moja muda mrefu. Wakulima wa pamba wa kanda hii walilalamikia mizani za wanunuzi hadi wakajiundia vyama, na mwaka 1955 vyama hivyo vikawa na shirikisho lao, Victoria Federation of Co-operative Unions, ambamo Paul Bomani alikuwa kiongozi. Shirikisho hilo lilikuwa miongoni mwa makubwa ya namna yake katika Afrika. Vyama vya ushirika vilivunjwa kwa amri mwaka 1976, vikarudishwa miaka ya 1980, na biashara ya pamba ikafunguliwa kwa wanunuzi binafsi katika miaka ya 1990. Mtu akitaka kutafuta aliyegeukageuka katika historia hiyo, sidhani ataanzia shambani.

Wenzangu wataniuliza: kama “bila mwelekeo” halifai, tutumie nini? Baadhi yao hupendekeza “kigeugeu”. Hilo ni baya zaidi, kwa kuwa kigeugeu ni tusi lililokomaa, nalo humshtaki anayetajwa kwa unafiki. Mimi napendekeza neno la mabaharia wetu. Pwani ina majira ya kaskazi na majira ya kusi, na pepo hizo zina upande unaojulikana. Lakini kati ya kaskazi na kusi kuna siku ambazo upepo haushiki upande, leo hivi na kesho vile. Siku hizo zaitwa maleleji, na pengine tanga mbili, kwa sababu chombo chaweza kusafiri kwenda na kurudi. Tazama jinsi wazee walivyolitendea jambo hili. Walikuwa na upepo usio na mwelekeo, wakaupa jina ambalo halimlaumu yeyote, na jina la pili linalotaja faida yake. Hawakusema kwamba nahodha wa siku za maleleji hana mwelekeo. Nahodha alijua aendako. Upepo ndio uliokuwa haujui.

Nilipolitoa shauri hili darasani, mwanafunzi mmoja wa kutoka Bariadi alicheka. Alisema kwao hakuna bahari, na bibi yake hatalielewa neno maleleji. Ni pingamizi la haki, wala silipuuzi. Lakini nilimkumbusha kwamba “ikulu” ni neno la Wasukuma na Wanyamwezi, na leo limekaa Dar es Salaam juu ya ufuko wa bahari bila mtu kulalamika. “Ng'atuka” lilitoka kwa Wazanaki, na watu wa Pemba wanalielewa. Lugha iliyokwisha kuchukua ikulu kutoka bara kwenda pwani haiwezi kushindwa kuchukua maleleji kutoka pwani kwenda bara. Bibi yake atajifunza, kama bibi za Pemba walivyojifunza, na huenda yeye akatupa neno la Kisukuma lililo bora zaidi, ambalo nitalipokea kwa mikono miwili. Ninachokataa ni kuletewa neno lenye hukumu ndani yake na kuambiwa kwamba ni la kipimo tu.

Katika taarifa ile nilipendekeza mabadiliko mawili. Katika ukurasa wa 4: “Bei ya pamba imekuwa katika maleleji tangu mwaka 2019, na hesabu tulizo nazo hazitoshi kutuonyesha kama inayumba au inatangatanga.” Katika ukurasa wa 11: “Wakulima hugawa mashamba yao upya kila mwaka kwa sababu bei hawaijui mpaka wamekwisha kupanda.” Niliirudisha pamoja na barua ya kurasa mbili kueleza sababu zangu.

Baada ya wiki kadhaa nililetewa nakala ya mwisho niithibitishe. Ukurasa wa 4 ulikuwa umebaki kama ulivyokuwa. Katika ukurasa wa 11 walikuwa wamefuta “hawana mwelekeo”, na mahali pake wameandika “hawatabiriki”. Nimeirudisha tena.