Soko la Vitabu na Mkono wa Mkaguzi

Wako wadaio kwamba maonyesho ya vitabu ya Frankfurt ni soko tu, na kwamba soko halihitaji uhuru. Historia yawakanusha. Katika karne ya 16 soko hilo lilikuwa kuu Ulaya. Kisha Kaisari akaweka wakaguzi wa vitabu, na wachapaji Waprotestanti wakapeleka biashara yao Leipzig, ambayo kufikia karne ya 18 ilikwisha kuipiku Frankfurt. Ukaguzi haukuwa sababu pekee, lakini ulikuwa na uzito. Maonyesho yalifufuliwa mwaka 1949 katika Kanisa la Mtakatifu Paulo, ambamo wabunge wa Ujerumani walikutana mwaka 1848. Basi amfungiaye mwandishi mlango humfukuza na mchuuzi.