Dosari Moja Katika Hesabu

Aghalabu hudhaniwa kwamba hadithi za kubuni ni mali ya somo la fasihi, na kwamba mwalimu wa hisabati hana haja nazo. Dhana hiyo yastahili kupingwa. Zipo hadithi ambazo kiini chake ni dosari ya kihesabu, na mwanafunzi anayezisoma kwa makini hukutana na swali ambalo vitabu vya mazoezi huliruka: je, ulimwengu ungekuwaje lau hesabu zingeacha kushika?

Mfano mzuri ni hadithi iitwayo "Tigres azules", yaani Chuimilia wa Buluu, ya mwandishi Jorge Luis Borges wa Argentina. Mhusika wake ni Mskoti anayefundisha mantiki mjini Lahore mwaka 1904. Anasafiri hadi delta ya mto Ganges kumtafuta mnyama huyo wa ajabu, lakini badala ya mnyama anaokota vijiwe vya buluu. Kila anapovihesabu hupata idadi nyingine. Akivigawa mafungu, baadhi hutoweka, akivikusanya, huzidi. Anavitia alama, anaandika matokeo, anatafuta kanuni, asiipate. Akili yake inakaribia kumpotea, hata siku anapovitoa vyote kwa ombaomba kipofu katika msikiti wa Wazir Khan.

Hofu ya msomi huyo yaeleweka, lakini hapana budi kuipima. Maumbile yenyewe yana mambo yanayofanana kidogo na vijiwe hivyo. Tone la maji likiangukia tone jingine, hupatikana tone moja, si mawili. Mililita 50 za maji zikichanganywa na mililita 50 za alkoholi safi, ujazo wa mchanganyiko haufiki mililita 100, kwa sababu molekuli za vimiminika hivyo hubanana zaidi zinapochanganyika. Hata hivyo, mwanakemia hatangazi kwamba 50 na 50 si 100. Husema tu kwamba katika hali hiyo ujazo haujumlishiki, bali uzito ndio unaojumlishika. Kuhesabu kuna masharti, na sharti la kwanza ni kwamba vitu vinavyohesabiwa vidumu jinsi vilivyo. Vijiwe vya Borges vinavunja sharti hilo. Havikanushi hesabu, vinakataa tu kuhesabiwa.

Dosari ya kutisha kweli ni ile inayopenya ndani ya namba zenyewe. Mlango wake unajulikana kwa kila mwanafunzi wa sekondari, nao ni kugawanya kwa sifuri. Tuseme a na b zote ni 1, hivyo a = b. Zidisha pande zote kwa a: a² = ab. Toa b² kila upande: a² − b² = ab − b². Tafuta vigawo: (a − b)(a + b) = b(a − b). Gawanya pande zote kwa (a − b): a + b = b. Kwa hiyo 2 = 1.

Kosa limejificha katika hatua ya mwisho, kwani (a − b) ni sifuri. Lakini kabla ya kulifichua, yafaa mwanafunzi aone lilivyoharibu. Ikiwa 2 = 1, toa 1 kila upande: 1 = 0. Sasa zidisha pande zote kwa namba yoyote, nayo itakuwa sawa na sifuri. Mia ni sifuri, urefu wa ukuta ni sifuri, umri wa mzee ni sifuri. Dosari moja haikai pembeni. Hula hesabu yote.

Wala jambo hili halikomei kwenye karatasi. Mwezi Septemba 1997, manowari ya Marekani iitwayo USS Yorktown ilikwama baharini karibu na pwani ya Virginia. Baharia mmoja alikuwa ameingiza sifuri katika kumbukumbu za kompyuta. Programu ikajaribu kugawanya kwa sifuri hiyo, mtandao wa kompyuta ukaanguka, na mitambo ya kuisukuma meli ikasimama.

Basi ni lipi la kufanya darasani? Katika shule nyingi mwanafunzi huambiwa kwamba kugawanya kwa sifuri hakuruhusiwi, kisha somo huendelea. Sababu haitajwi, ijapokuwa ni nyepesi: 6 ÷ 2 ni 3 kwa kuwa 3 × 2 ni 6, lakini hakuna namba ambayo ikizidishwa kwa 0 hutoa 6. Katazo lisilo na sababu hutiiwa pale tu linapoonekana wazi. Mpe mwanafunzi huyo mlinganyo x² = 3x. Wengi watagawanya pande zote kwa x na kuandika x = 3, wakilipoteza jawabu la pili, x = 0, bila kujua kwamba wamevunja lile lile katazo walilolikariri. Sifuri ilikuwa imevaa nguo ya herufi.

Watakuwapo walimu watakaosema kwamba muhtasari ni mrefu, mitihani i karibu, na hakuna wasaa wa hadithi. Hoja hiyo ina uzito, lakini thibitisho la 2 = 1 halihitaji zaidi ya nusu ya kipindi. Liandikwe ubaoni bila maelezo, na darasa liachwe lilitafute kosa lenyewe. Mwanafunzi atakayeigundua hatua mbovu hatakuwa amejifunza katazo jipya. Atakuwa amejifunza kuuliza, katika kila mstari anaouandika, ni kwa haki gani ameuandika. Na huko kuuliza ndiko hisabati yenyewe.