Mageuzi ya vigogo: Warusi waliliwa hivi

Kijana, ukiambiwa mali ya umma inauzwa kwa manufaa yako, usikimbilie kupiga makofi. Uliza kwanza: nani anauza, nani ananunua, na nani anaendesha mnada?

Tazama Urusi. Januari 1992 serikali ya Boris Yeltsin iliachia bei zipande, na akiba ya mlalahoi ikayeyuka. Mwaka huohuo kila raia, hata mtoto mchanga, aligawiwa hati ya rubo 10,000 ya kununulia hisa za viwanda. Wengi, kwa njaa, waliziuza kwa bei ya kutupa. Wajanja wakazikusanya.

Ulaji wenyewe ulikuja 1995. Serikali ilikopa kwenye mabenki na kuweka rehani hisa za makampuni makubwa. Novemba, asilimia 38 ya kampuni ya madini ya Norilsk Nickel ilikwenda kwa dola milioni 170 na ushei. Washindi walitoka kambi ya Oneximbank, benki ya Vladimir Potanin. Nani aliendesha mnada? Benki hiyohiyo! Aliyetaja dola milioni 355 alitupwa nje. Kesi ya ngedere kapewa nyani. Agosti 1996 Potanin akawa naibu waziri mkuu.

Soko si kosa. Kosa ni soko la gizani, bunge likiwa halina meno.

Basi mgombea akikuletea fulana na kofia, mwambie akuonyeshe mikataba. Ukinyamaza, kiwanda kitakwenda na ajira yako imo ndani.