Moshi wa Udi na Mti wa Msandali

Jamaa wakaao Kizuka na Rumonge, kandokando ya Ziwa Tanganyika, hawahitaji kuelezwa kazi ya chetezo. Nguo za arusi hufukizwa, na mgeni wa heshima hupokewa kwa harufu nzuri. Lakini ni wachache wajuao harufu hiyo hutoka wapi, na kwa gharama gani.

Udi wa asili hutoka katika miti ya Asia, tangu India hadi Indonesia. Mti mzima wenye afya haunukii. Ukijeruhiwa na kuingiwa na kuvu, hutoa utomvu wa kujikinga, na mahali hapo mbao huwa nyeusi na nzito. Kwa nje ni vigumu kuutambua. Hivyo mingi hukatwa bure. Ndiyo maana udi safi ni ghali, na vipande vingi vya bei nafuu ni mbao tu iliyolowekwa manukato.

Msandali, kinyume chake, ni mti wa kwetu Afrika ya Mashariki. Wataalamu huuita Osyris lanceolata, na waganga wa mitishamba huchemsha magome na mizizi yake. Mafuta yake hujaa zaidi mizizini na katika shina la chini. Kwa hiyo mwenye tamaa huung'oa wote. Uliokatwa waweza kuchipua, uliong'olewa umekwisha. Tena, mti dume na mti jike ni mbalimbali: mmoja ukitoweka, hakuna mbegu.

Mwaka 2007 Kenya ilipiga marufuku uvunaji wake. Mwaka 2013, mjini Bangkok, mkataba wa kimataifa wa CITES uliuweka msandali wa Burundi, Rwanda, Tanzania, Kenya, Uganda na Ethiopia chini ya ulinzi: kuuvusha mpaka kwahitaji kibali. Basi askari akutaye shehena ya mizizi na vigogo vinukiavyo na aulize karatasi kabla ya kufungua njia.

Nyumbani nako mna wajibu. Mama asinunue mizizi ya msandali isiyojulikana itokako. Kipande kidogo juu ya kaa lililoanza kufunikwa na majivu chatosha chumba kizima. Dirisha liachwe wazi, na mtoto mchanga atolewe nje, kwa kuwa moshi huumiza kifua. Mtoto akohoaye asifukizwe. Apelekwe kituo cha afya.